Wakili wa Mchomoko

Ukifika Musoma, hapa Iringo, ukauliza ofisi ya Wakili Thadeo Makongoro, watu watakuuliza kwanza, "Yule wa mchomoko?" Ndiyo huyo. Mawakili wengine wa mji huu wanajulikana kwa kesi za viwanja, za mirathi, za machimbo ya dhahabu, zile kesi zinazomfanya mtu anenepe shingo. Huyu wa kwetu alijulikana kwa vigari vinavyobeba watu wa vijijini kuja mjini. Mimi ni Getruda, mtu wa Suguti, karani wake, na nimekaa kwenye meza ya mbele ya ofisi ile tangu alipoifungua. Nikisema jambo juu yake ni kwamba nilikuwepo. Na nikikasirika katikati ya maneno mnivumilie tu, maana hasira zangu bado hazijapoa.

Kwa asiyeifahamu, mchomoko ni gari ndogo ya binafsi, ile yenye buti refu nyuma, ambayo walioiunda walidhani itabeba maboksi ya dukani. Huku kwetu inafanya kazi ya basi. Basi lenyewe linapita barabara kuu na muda wake linaujua lenyewe. Mchomoko inaingia mpaka ndani kijijini, inapiga honi nyumbani kwa mgonjwa, inamsubiri mama amalize kumfunga mtoto mgongoni. Kiwandani waliihesabia dereva na watu wanne. Sisi tulikuwaga tunaingia wote tuliofika, wawili mbele kando ya dereva, wengine wakabanana nyuma, na kwenye buti watu wazima wamekunja magoti wakishika kuku wao. Hakuna aliyeona ajabu.

Thadeo alizaliwa Butiama, Mzanaki mtupu. Baba yao alifariki Thadeo akiwa bado darasa la pili. Kaka yake, Jastin, alikuwa amemaliza la saba, akaja Musoma kuendesha teksi ya tajiri mmoja. Jastin akaendesha, Thadeo akasoma. Likizo zote mdogo mtu alikuwa anakaa kiti cha mbele cha teksi ile, na alichokiona pale ndicho kilichomfanya awe wakili. Alimwona kaka yake, mtu mzima aliyemlea, akishuka kwenye gari kila filimbi inapopulizwa, akivua kofia, akiinama mbele ya vijana wenye umri wa wadogo zake, akiomba msamaha kwa kosa ambalo bado hajaambiwa ni lipi. Akiona nguo nyeupe za trafiki mbali, alikuwa anakata kona na kupita porini na abiria wake.

"Mama Recho," aliniambia siku moja, maana binti yangu anaitwa Recho, "mimi sihitaji Jastin atajirike. Nataka aendeshe gari mchana kweupe bila kukimbia mtu."

Hilo tu. Maisha yake yote ya uwakili yalikuwa hilo tu.

Alipohitimu, kila mtu alijua atabaki Mwanza au Dar. Akarudi. Kesi yake ya kwanza aliwatetea wenye teksi, waliokuwa wanalalamika kwamba bajaji zimewamaliza. Akashindwa. Haukupita muda, bajaji zikafukuzwa katikati ya mji, na wale wale waliomshinda wakaja ofisini kwetu kuomba awatetee. Akashindwa nusu, akashinda nusu: wakapewa maegesho mahali ambapo hapapiti mtu. Baadaye wakaja wa mchomoko. Nikamwambia, "Wakili, wewe umekuwa daktari anayefuatwa na ndugu wa marehemu." Akacheka sana. Alikuwaga mtu wa kucheka wakati ule.

Sheria za usafiri alizisoma kama katekista anavyosoma katekisimu, mpaka anazijua kwa nambari. Wenzake wakimtania kwenye korido za mahakama, wanamuuliza leo ametetea tairi gani, anawajibu kwamba mwenye kiwanja hata asipokuwa na hati anaweza kukaa juu yake, lakini dereva asiye na leseni hana hata pa kusimama. Hawakumwelewa. Mimi nilimwelewa, ingawa kuna miezi nilitamani sana na sisi tupate kesi ya kiwanja.

Basi ile kesi kubwa ilikuja hivi. Mamlaka ya leseni ilitangaza kwamba mchomoko zote zitoke barabarani, si gari za abiria, mwisho wa habari. Madereva wa Butiama na wa Bunda wakachanganyikiwa. Thadeo akakimbilia mahakamani, na mleta maombi wa kwanza, jina la juu kabisa kwenye maombi, akamweka Jastin, ambaye sasa alikuwa na mchomoko yake mwenyewe. Tukapata zuio: gari ziendelee kufanya kazi mpaka kesi iishe.

Na kesi haikuisha. Leo wakili wa serikali anaumwa, kesho jaji amehamishwa, keshokutwa jalada halionekani. Miaka ikapita namna hiyo. Kila tukiahirishwa mimi nilikuwa nashukuru Mungu kimoyomoyo, kwa sababu zuio lilikuwa hai, na chini ya zuio Jastin alikuwa anapita mbele ya nguo nyeupe na dirisha limeshushwa, anasalimia. Watu walimwombea Thadeo makanisani. Wazee wa Butiama walipomtaja walisema "mtoto wetu aliyesimamisha serikali kwa karatasi." Lakini yeye karatasi ile ilimchoma. Alisema zuio ni mwavuli wa kuazima, mwenyewe akija unalowa.

Ndipo kanuni mpya zikatoka, na ndani yake kulikuwa na kamlango kadogo. Mahali ambapo mabasi hayafiki, gari ndogo zingeweza kupewa leseni kamili, mradi zisizidishe watu. Thadeo aliusoma ukurasa ule amesimama. Akaniambia, "Sasa nataka hukumu, Mama Recho. Ahirisho sasa basi."

Tulikwenda Bunda, nyumbani kwa mwenyekiti wa madereva, Enos, pale Nyasura, mtu mfupi mwenye sauti ya kengele. Madereva walijaa uani. Thadeo akawaambia kuanzia siku hiyo kila gari ibebe abiria wanne, asizidi hata mmoja, ili siku ya siku aseme mbele ya jaji bila kumung'unya maneno. Mnaweza kufikiria kelele. Mmoja akauliza kama wakili amewahi kula mafuta ya gari kwa ugali. Mwingine akasema akimwacha mjomba wake barabarani atalogwa. Enos mwenyewe alikuwa anatikisa kichwa.

Jastin akasimama. Si msemaji, yule. Akasema, "Mdogo wangu ameomba kitu kimoja. Mimi naanza kesho." Akakaa chini. Na wengine wakaona aibu, wakakubali.

Na walifanya kweli. Hili nalisema kwa nguvu, kwa sababu baadaye watu walisema madereva walikuwa waongo. Hawakuwa waongo. Miezi ile yote walibeba wanne. Jastin ndiye alikuwa mkali kuliko wote. Alimwacha mwalimu mkuu barabarani na suti yake. Alimwacha mchinjaji na ndoo ya nyama inatiririka. Walimtukana, wakasema siku hizi Jastin amekuwa Mzungu, naye akawa anajibu, "Nne zimejaa," anaondoka. Akaja ofisini kutia saini hati ya kiapo, kwamba gari yake haibebi zaidi ya abiria wanne. Mimi niliipiga chapa. Aliisoma neno kwa neno kabla ya kutia saini, akaniuliza kama akila kiapo hiki na Mungu anakisikia. Nikamwambia anakisikia.

Kwenye shauri lenyewe tulipata jaji mwanamke, mtaratibu, asiyepandisha sauti. Upande wa serikali alikuwa Wakili Boniphace, kijana mwenye adabu zake, lakini hoja yake ilikuwa moja: gari hizi kila mtu anajua zinajaza watu, karatasi za kiapo ni karatasi tu. Thadeo akainuka. Akasema, "Mheshimiwa Jaji, kama karatasi haitoshi, naomba mahakama itoke nje ikazione gari zenyewe. Zitakuja zikitoka kazini, na abiria wake, kama zinavyofanya kazi kila siku."

Boniphace akapinga, jaji akalikubali ombi letu. Siku ikapangwa. Niwaambie ukweli, na mimi nilifurahi. Tulirudi ofisini tukinunua sato wa kukaanga njiani, tukala kwa mikono juu ya majalada.

Siku hiyo uwanja wa mahakama ulikuwa umefagiwa. Enos alikuwa ameshafika kutoka Bunda na wenzake wawili, gari zinang'aa mpaka unaona meno yako, kila moja na watu wanne wametulia kama wako kwenye ibada. Jaji akatoka nje na joho lake, karani wake nyuma na daftari. Akazunguka gari ya kwanza. Akataka kuona mikanda, akaiona. Akataka kuona kizima moto, akaonyeshwa. Akamwuliza mama mmoja wa Bunda kama siku zote hukaa hivyo, mama akasema ndiyo, siku hizi wanatuacha mpaka tunawachukia. Jaji akatabasamu. Nilimwona kwa macho yangu. Boniphace alikuwa anaangalia viatu vyake.

Thadeo akaniinamia, akaninong'oneza, "Mama Recho, tunashinda."

Jaji akauliza, "Mleta maombi wa kwanza yuko wapi?"

"Yuko njiani, Mheshimiwa. Anatoka Butiama."

Sasa niwaambie yaliyotokea Butiama asubuhi ile, maana Jastin alinisimulia baadaye huku analia. Alikuwa ameosha gari tangu jana yake. Akaondoka nyumbani na abiria wake wanne ambao alikuwa amewachagua, watu wasafi, wasio na mizigo. Hajafika barabara ya lami, akamkuta mama yao, Mama Nyangi, amesimama njiani na kitenge cha kanisani, shangazi zake kushoto na kulia, baba mdogo na fimbo yake, na majirani wawili wamebeba beseni la viazi vilivyochemshwa, chakula cha huko mahakamani.

Huku kwetu kesi ni kama msiba. Mtu haendi peke yake. Mwenye kesi akionekana hana watu nyuma yake, hata yule anayehukumu atamdharau, atasema huyu hana kwao. Ndivyo tulivyolelewa, na Wajita na Wazanaki na Wakurya, hapo hatubishani.

Jastin akashuka. Akasema, "Mama, leo ni wanne tu. Ndiyo kesi yenyewe."

"Wanne ni abiria," mama akasema. "Sisi tutakulipa nauli?"

"Hapana, mama."

"Basi sisi si abiria. Mdogo wako anasimama mbele ya serikali, mimi nikae nyumbani napeta mtama? Ng'ombe haelemewi na nunduye, Jastin. Fungua mlango."

Jastin akafikiri. Hiyo ndiyo inaniuma mpaka leo, kwamba alifikiri. Akaona mama amesema kweli. Kiapo kilisema abiria, na hawa hawakuwa abiria. Akafungua mlango, akafungua na buti.

Tulisikia honi kabla hatujaiona gari. Ikaingia uwanjani imekaa chini nyuma, taa zinaangalia juu. Jaji akageuka. Sisi wote tukageuka. Mlango wa mbele ukafunguka, akatoka Mama Nyangi, akatoka shangazi mmoja, akatoka shangazi wa pili, maana mbele walikuwa wamekaa watatu. Nyuma wakatoka wale abiria wasafi waliochaguliwa, nguo zimekunjamana, na baba mdogo juu ya mapaja yao. Halafu Jastin akaenda nyuma akainua mlango wa buti, wakatoka wale majirani wawili wamelishikilia beseni, mmoja amekufa ganzi mguu, ikabidi ashikwe mkono na karani wa jaji.

Na kina mama walipoona watu wamejaa, Thadeo katikati na koti lake jeusi, jaji karibu naye, wakadhani ameshashinda. Wakapiga vigelegele.

Nilitaka ardhi ipasuke. Enos alishika kichwa kwa mikono miwili. Vigelegele viliisha kimoja kimoja, kwa sababu hakuna aliyeviitikia.

Jaji akamwita Jastin. "Gari hii ni yako?"

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Uliapa kwamba haibebi zaidi ya watu wanne."

"Ndiyo, Mheshimiwa. Abiria wanne."

"Na hawa?"

Jastin akageuka akawaangalia, kisha akamwangalia jaji. Alishangaa kweli kweli. Akasema, "Hawa si abiria, Mheshimiwa. Hawa ni ndugu."

Nilimwona Thadeo anafumba macho.

Jaji akauliza taratibu, bila ubaya wowote, "Na gari ikipinduka hapo Makutano, Jastin, barabara itajua kwamba ni ndugu?"

Jibu la swali lile nimelitafuta tangu siku ile. Jaji akamwambia karani wake, "Andika."

Thadeo alijitahidi. Alisimama juani pale pale akaeleza kwamba kanuni inamtambua abiria kuwa ni anayelipa nauli, kwamba mwenye gari ana haki ya kumbeba mama yake, kwamba siku moja haiwezi kufuta miezi ya uaminifu. Alisema vizuri. Sijawahi kumsikia akisema vizuri kama siku ile, jasho linamtiririka mpaka kwenye kola. Jaji alimsikiliza mpaka mwisho. Lakini hoja inasikilizwa na masikio, na jaji alikuwa ameshaona kwa macho. Na ni sisi tuliomwita aone.

Mama Nyangi yeye hakuelewa kitu. Alimwendea jaji moja kwa moja, polisi wakataka kumzuia, jaji akawapa ishara wamwache. Jaji mwenyewe akamwamkia, "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Huyu ni mtoto wangu. Msaidie."

"Nimesikia, mama," jaji akasema, akaingia ndani.

Wale ndugu walikaa chini ya ukuta wa mahakama, wakala viazi vyao, wakatugawia na sisi. Thadeo alikula. Sijui aliwezaje. Mama yake alikuwa anamtazama anavyotafuna, anafurahi.

Hukumu ilisomwa wiki chache baadaye. Maombi yakatupwa, zuio likaondolewa. Jaji aliandika kwamba haoni nia ya uongo kwa mleta maombi wa kwanza, na hicho ndicho kitu pekee tulichopata. Aliandika pia kwamba ikiwa kwa watu hawa neno abiria halimhusu ndugu, na kijiji kizima ni ndugu, basi hakuna gari itakayobeba wanne. Nilisoma mstari ule mara nyingi nikitafuta kosa. Mtu akikuonea unapata pa kushika. Yeye hakutuonea.

Rufaa? Nilimuuliza. Akasema, "Nikakate rufaa dhidi ya nani, Mama Recho? Dhidi ya mama yangu?" Muda wa rufaa ukapita nikiuangalia.

Enos alikuja ofisini mara moja tu. Hakukaa. Alisema madereva wa Bunda waliacha ndugu zao barabarani kwa sababu ya wakili, na ndugu wa wakili ndio waliokuja kuwamaliza. Thadeo akasema, "Kweli kabisa, mwenyekiti." Enos alikuwa amekuja kugombana, akakosa mtu wa kugombana naye, akaondoka. Siku hizi wakikutana stendi Bweri, Enos anageukia upande mwingine kama anatafuta mtu. Mimi namwona na roho inaniuma, maana yule mtu hakukosea chochote. Alileta wanne.

Nimeshajiuliza nimkasirikie nani. Nimeanza na Jastin nikashindwa. Nikaenda kwa Mama Nyangi nikashindwa zaidi, kwa sababu ingekuwa kesi ya mwanangu Recho na mimi ningekaa kwenye buti, ningekaa hata juu ya tairi la akiba. Mwishoni namkasirikia Thadeo. Miaka yote ile ya kusoma kanuni, mtoto wa Butiama, hakujua kwamba mama yake atakuja? Alijua kila kitu kinachosemwa juu ya gari ile, akasahau watu wanaopanda.

Kesi za usafiri hazikuja tena. Siku hizi tunaandika mikataba ya kuuziana viwanja. Zile kesi nilizokuwa nazitamani, sasa ninazo, na ofisi iko kimya mpaka unasikia nzi. Thadeo hasomi tena kanuni. Zile mpya zikitoka anaziweka juu ya kabati bila kuzifungua. Wale wenzake wa korido wameacha hata kumtania, na hilo ndilo lililonionyesha kwamba mambo yameharibika.

Jastin aliegesha gari nyumbani Butiama. Alijaribu kuendesha usiku, akakamatwa mara ya kwanza tu, kwa sababu alikuwa amesahau kukimbia. Siku hizi anachunga ng'ombe za mtu mwingine, kwa umri ule. Ameshakuwa mtu wa kuvua kofia tena.

Juzi kati Mama Nyangi alizidiwa na miguu, Thadeo akaniomba tufuatane kumwona. Tulipanda basi Bweri, likatushusha Makutano, njia panda ya kwenda Butiama, tukakaa hapo jua likazunguka mpaka ikapatikana pikipiki. Mama yule miguu imevimba, kliniki hajaenda tangu gari ziondoke. Basi halifiki kwake, na juu ya pikipiki hawezi kukaa. Tulimkuta sebuleni amelazwa kwenye godoro, Jastin amekaa mlangoni na fimbo yake ya kuchungia. Nje kupitia mlango ule unaiona gari, imepandishwa juu ya mawe, tairi zimetolewa, kuku wamelala kwenye usukani.

Mama alitushika mikono, akauliza habari za mjini, akaniuliza kama nimeleta furu, wale samaki wadogo wa ziwani, nikamwambia nimeleta. Halafu akamwambia Thadeo, "Ile kesi nimeifikiria sana hapa nimelala."

"Ndiyo, mama."

"Tulishindwa kwa sababu tulikwenda wachache."

Nilimwangalia Thadeo, nikasema moyoni, sasa atamwambia. Mtu mzima aambiwe ukweli. Nikaona amelegeza tai, akalikunja shuka miguuni kwa mama yake, akalinyoosha tena.

"Kweli, mama," akasema. "Tulikuwa wachache."

"Safari nyingine niambie mapema. Kuna watu wa Buhemba sikuwaambia, kuna kwaya nzima pale kanisani. Jaji atatuona." Akageuza shingo kutafuta mlango. "Jastin, ile gari uitunze vizuri. Siku hiyo tutaihitaji."

Jastin aliangalia nje, kwenye mawe na kuku.

"Sawa, mama," akasema, akainuka kwenda kuwafukuza kuku.